Kanda za mwezini, kanda za harusi: majibu kwa wasomaji

Natengeneza filamu fupi ya makala kwa ajili ya klabu ya sayansi shuleni. Ni kweli Wamarekani walifuta picha za kwanza za mwezini? (Mwanga, Kigoma)

Nusu kweli. Picha ulizozizoea zipo. Zilizopotea ni kanda za sumaku zilizonasa mawimbi ya televisheni ya Apollo 11, safari iliyofikisha watu wa kwanza mwezini, kama yalivyofika duniani, Julai 1969. Kamera ya mwezini ilipiga picha 10 kwa sekunde, ilhali televisheni za Marekani zilitaka 30. Basi mafundi wakaelekeza kamera ya pili kwenye skrini, na dunia ikatazama picha ya picha, yenye ukungu. Kanda zenye picha safi, NASA, shirika la anga la Marekani, ilisema mwaka 2009, inaelekea zilifutwa zikatumika tena kwa sababu kanda zilikuwa adimu. Usiwacheke. Wangapi hapa Kigoma wametafuta harusi ya mama mdogo kwenye kaseti wakakuta Simba na Yanga? Nakala bora zilizosalia kwenye vituo vya televisheni ndizo zilizokusanywa na kusafishwa upya.

Mikebe ya filamu za marehemu babu inanuka siki. Niianike juani? (Ujiji)

La, mjukuu wangu! Jua litaimaliza. Filamu za asetati, aina ya plastiki, zikikaa kwenye joto na unyevu, na sisi tuko kando ya ziwa, huanza kutoa asidi, na mvuke wake huambukiza mkebe wa jirani. Tenga inayonuka, iweke penye ubaridi na ukavu, kisha itafutiwe mtu wa kuiskani, yaani kuiingiza kwenye kompyuta, mapema, maana kuoza huko hakurudi nyuma. Filamu halisi za Apollo hutunzwa Houston kwenye baridi ya nyuzi 18 chini ya sifuri. Friza ya nyumbani siishauri: umeme ukikatika, unyevu unaingia.

Nilipie picha za NASA? (Kasulu)

Kwa kawaida hapana. Ila usitumie nembo yao kana kwamba wamekuidhinisha, na muziki wa mtu mwingine uombee ruhusa.

Kuhifadhi video kwenye diski moja ya nje ya kompyuta kunatosha? (Kibirizi)

Hakutoshi. Weka nakala tatu, moja ikae nyumba nyingine kabisa. Na andika lebo! Filamu ya makala *Apollo 11* ya mwaka 2019 ilipata uhai kutokana na mikanda mipana ya filamu iliyokaa miongo kadhaa kwenye hifadhi ya nyaraka ya taifa ya Marekani bila kushughulikiwa. Kwenye mkebe andika nani, wapi, mwaka gani. Tumia penseli, wino hufifia.