Kabla ya maana, niambieni alikuwa nani

Mhariri salaam. Swali lenu la wiki, "Je, ni haki mzazi kumpa mtoto jina ambalo hajui maana yake?", limenigusa mahali penyewe na nimeshindwa kulipita. Ila mimi nitajibu lingine la jirani yake: huyo mzazi anamjua mtu aliyeitwa jina hilo kabla ya mtoto wake? Maana unaipata kwenye simu daladala ikiwa imesimama kituoni, lakini mtu aliyelibeba jina humpati kwenye simu, huyo lazima usimuliwe na waliomjua.

Nikiwa chuo nasoma fasihi ya Kiingereza nilikutana na mtawa mmoja wa shirika la Waaugustino, Osbern Bokenham, Mwingereza, amezaliwa 1393 hivi. Aliishi kwenye nyumba ya watawa pale Clare, mkoa wa Suffolk, nyumba iliyoanzishwa 1248. Kati ya 1443 na 1447 hivi akaandika kwa mashairi maisha ya watakatifu wanawake, Margareta, Anna, Kristina, Agnes, Dorotea, Magdalena, Katarina, Sesilia, Agatha, Lusia, Elizabeti na wenzao, tena akasema wazi kwamba anaandika Kiingereza cha kwao Suffolk, hajifanyi mtu wa mjini. Angalieni hayo majina jamani. Hiyo ni orodha ya kina mama wa WAWATA, chama cha wanawake Wakatoliki Tanzania, parokia yoyote ya Ruvuma!

Kilichonikamata zaidi ni waliomwagiza hayo mashairi. Maisha ya Mt. Agatha aliyaandika kwa ajili ya mama mmoja anaitwa Agatha Flegge. Ya Mt. Katarina kwa ajili ya Katherine wawili, Howard na Denston. Ya Mt. Elizabeti kwa ajili ya Elizabeth de Vere, mke wa kabaila mwenye cheo cha Earl wa Oxford. Yaani kila mmoja anataka asimuliwe habari za somo wake. Sisi Wakatoliki wa huku hatuhitaji kufafanuliwa somo ni nani, ni yule mtakatifu uliyepewa jina lake, siku yake ikifika watu wanakupigia kukutakia heri ya somo hata kama birthday yako wameisahau.

Sasa kwenye maana. Bokenham alikuwa anafuata kitabu cha Kilatini cha Jacobus wa Voragine, Mdominiko wa Italia wa karne ya 13 ambaye baadaye akawa askofu mkuu wa Genoa. Huyu Jacobus, kabla ya kusimulia maisha ya mtakatifu, anaanza na jina lake, analivunjavunja na kutoa maana hata tatu nne kwa mpigo. Sesilia anasema ni lili la mbinguni, halafu hapohapo anasema ni njia ya vipofu. Agnes ni mwanakondoo. Katarina ni maangamizi ya yote, kwa sababu jengo la shetani lilibomoka lote ndani yake. Agatha ni mtakatifu wa Mungu. Nyingi ya hizo kwa wataalamu wa leo haziko sawa. Sesilia limetoka kwenye jina la ukoo wa Kirumi ambalo asili yake ni neno la kipofu, lili hakuna kabisa. Agnes ni Kigiriki, maana yake safi, mwanakondoo ameingia kwa sababu kwa Kilatini anaitwa agna na masikio yakasikia vinafanana. Agatha ni Kigiriki pia, ni mwema, basi. Kwa hiyo kina Agnes wa Ulaya wamebatizwa karne na karne wakiambiwa wao ni wanakondoo, na walisali na kuolewa na kulea bila shida yoyote. Ndiyo maana nasema maana siyo kitu cha kumnyima mtoto jina.

Na mtoto kunyimwa jina nimeshuhudia, ndo maana naandika. Dada yangu alipojifungua tukakubaliana mtoto aitwe Agatha, jina la bibi mzaa mama. Tukaenda semina ya ubatizo ya wazazi na wasimamizi, parokia siitaji na mtu simtaji. Mwalimu wa semina akawa anamsimamisha kila mzazi, taja jina la mtoto, toa maana. Waliotangulia walikuwa wamejiandaa na Gloria zao na Viktoria zao wakapita. Dada akasimama akasema Agatha. Maana yake? Akajibu, ni jina la bibi yetu. Mwalimu akasema hilo siyo jibu, jina la bibi ni jina la nani, maana yake nini? Dada akarudia vilevile, ni bibi yetu. Basi akapiga mstari kwenye daftari, akasema nendeni mkatafute maana au mchague jina lingine, wiki ijayo mje. Mbele ya watu wote. Dada yangu ana uchungu wa mtoto mchanga, hajalala, anatoka pale analia.

Nyumbani shemeji akatafuta kwenye simu akapata "mwema". Tukarudi wiki iliyofuata, bibi naye akasema anakuja, hakuna aliyemwita. Shemeji akasimama akasema Agatha ni mwema. Mwalimu akafungua karatasi zake, fotokopi ya zamani imechakaa kwenye mikunjo, akasema hapana, hapa imeandikwa ni mtakatifu wa Mungu. Nilishtuka maana ile ilikuwa ni maana ya Jacobus, ileile ya miaka zaidi ya mia saba iliyopita, imefika mpaka kwenye benchi letu chini ya mwembe! Wakaanza kubishana, simu inasema hivi, karatasi inasema vile, mtoto analia, wasimamizi wengine wanataka kwenda shamba.

Bibi akainuka. Akasema, mwanangu, mimi ndiye Agatha, niulize mimi. Mwalimu akanyamaza, kwa umri wa bibi angesema nini. Bibi akaeleza kwamba mama yake alifariki siku ileile ya kumzaa. Pale kijijini kulikuwa na mama amejifungua karibuni, anaitwa Agatha, hakuwa hata ndugu wa ukoo. Huyo mama akamchukua akamnyonyesha, titi moja mwanawe na titi moja yeye, mpaka akaacha ziwa. Ulipofika ubatizo masista wakauliza mtoto aitwe nani, baba yake akasema aitwe kama huyu aliyempa maziwa. "Ndiyo hiyo maana yake," bibi akasema, "andika." Mwalimu akaandika. Na nimpe haki yake, alimwamkia bibi shikamoo mara ya pili pale, na tulipoondoka alitusindikiza hadi barabarani.

Sisi wajukuu tulikuwa hatujawahi kuisikia hiyo habari. Tumekula ubwabwa wa somo kila tarehe 5 Februari kwa bibi tangu utotoni na hatukujua tunakula ubwabwa wa nani.

Sasa hapa ndo msimamo wangu unanigeuka nikiwa naandika. Njiani kurudi, bibi yuko mbele na shemeji kwenye bajaji, akamuuliza, hivi lile neno kwenye simu lilisemaje? Shemeji akamwambia, mwema. Bibi akakaa kimya kidogo halafu akasema, "Basi yule mama lilimfaa." Na nilipomweleza kwamba Mt. Agatha wa Catania, kule Sisilia, alikatwa matiti na watesi wake na ndiye anayeombwa na wagonjwa wa matiti, aliniambia nirudie. Nikarudia. Alitaka nirudie tena nyumbani mbele ya dada, mtoto akiwa ananyonya.

Kwa hiyo maana ilimwongezea kitu, siwezi kukataa. Haikuchukua nafasi ya yule mama, ilikuja ikakaa pembeni yake. Nikimrudia Bokenham naona ndivyo alivyofanya, maana ya jina kwake ni mlango tu, kurasa zinazofuata zote ni za mtu, alizaliwaje, aliteswaje, alimjibu nini hakimu. Katherine Denston na mumewe John walikuwa na binti wamempa jina Anna kwa heshima ya Mt. Anna, na Bokenham anamalizia shairi la Mt. Anna kwa kumwomba mtakatifu awajalie hao wazazi na mtoto wa kiume. Yaani anawataja majina kabisa, huyu John, huyu Katherine, na binti yao mzuri wa sura. Hapo jina ni uhusiano wa watu, wa duniani na wa mbinguni, na maana inafuata nyuma.

Jibu langu basi, ingawa nilianza na lingine: ndiyo, mzazi ajue maana. Ila asiulizwe kama mtihani, na asinyimwe sakramenti kwa ajili hiyo. Na asichague jina kwa kushuka na orodha ya maana nzuri nzuri, kwa sababu tuna kina Tabu na Shida na Masika huku kwetu ambao maana iko wazi kwa kila mtu, na bado ukitaka kumjua Tabu itabidi uulize ni tabu gani iliyokuwepo siku ile na nani alikuwepo. Kwa wenye majina ya kununua, yale mzazi ameyasikia kwenye tamthilia, sijui niseme nini, labda wao maana ndiyo pekee waliyonayo, waitafute kwa bidii. Ila ukoo ambao bado una bibi anayeongea, muende mkamuulize mwaka huu, na mumrekodi.