Tiki kwenye fomu haimkingi mtoto

Nimetoka kupitia fomu za wasaidizi wapya wa utafiti hapa Nairobi, na yale makosa ya kila mwaka yamerudi. Kila ziara ina tiki, saa na sahihi, lakini hakuna neno hata moja kuhusu kilichotokea chumba cha sindano. Wadogo zangu, mna akili na mna bidii, ninawapenda kwa hilo. Ndiyo maana siwezi kunyamaza.

1. Ijueni dawa kabla ya kuijua fomu. Mtoto mwenye ugonjwa wa moyo wa rumatiki, yaani moyo ulioharibiwa na homa inayofuata maambukizi ya koo, hudungwa benzathini penisilini kila baada ya wiki tatu au nne, kwa miaka mingi. Chembe zake huyeyuka polepole ndani ya msuli na kuachia penisilini kidogo kidogo, ili bakteria wa koo wakirudi wakute kinga ipo. Chembe hizo hizo ndizo zinazoziba sindano. Ukishatia maji kwenye unga na kutikisa, unapata kitu kizito cheupe kama maziwa. Ukikiacha kidogo tu, kinatuama.

Katika utafiti mmoja niliofanyia kazi, muuguzi kijana alikuwa akimdunga msichana wa miaka 12. Sindano ikaziba katikati. Mtoto analia, mama amemshika mabega, foleni imejaa hadi mlangoni. Kijana akachomoa, akatupa bomba kwenye kisanduku likiwa bado na dawa, kisha akaandika uniti 1,200,000 kama itifaki, yaani mwongozo wa utafiti, ilivyosema. Fomu ikapita kwa mkaguzi bila swali. Tulikuja kujua pale mama alipopigiwa simu ya kumjulia hali mtoto, akauliza kwa upole, "Na ile dawa iliyobaki, ataongezewa lini?"

Ikabidi turudi kwa kila muuguzi kuuliza ni nani mwingine aliyepata dozi pungufu. Hakuna aliyeweza kujibu kwa uhakika, maana hakukuwa na maandishi. Tukaripoti kwa kamati ya maadili. Yule kijana hakuwa mwongo. Aliamini kwamba kuandika "imeziba" ni kujishtaki, na hakuna mkubwa aliyewahi kumwambia vinginevyo. Hilo linaniuma hadi leo. Mtoto wa namna hiyo akipata homa ya rumatiki tena, tutasema penisilini imeshindwa, kumbe penisilini haikuingia.

Kumbukeni utafiti wa GOAL wa Uganda, uliochapishwa 2021: watoto na vijana 818 ambao ugonjwa wao ulionekana kwenye eko tu, yaani picha ya moyo ya mawimbi ya sauti. Baada ya miaka miwili, ugonjwa ulisonga mbele kwa asilimia 0.8 ya waliodungwa, na asilimia 8.2 ya wasiodungwa. Tofauti kama hiyo hupatikana tu pale dozi inapoingia mwilini yote.

Kwa hiyo sindano ikiziba, ibadilishe, malizia mahali pengine kama itifaki inaruhusu, kisha andika kiasi kilichoingia na kilichobaki. Hakuna atakayekugombeza.

2. Msiidharau warfarini, dawa ya kuzuia damu kuganda, kwa sababu ni ya zamani. Utafiti wa INVICTUS, 2022, uliilinganisha, pamoja na dawa za aina yake, na dawa mpya zaidi ya rivaroxaban kwa wagonjwa wa moyo wa rumatiki ambao mapigo yao yamevurugika, na waliotumia rivaroxaban ndio waliokufa zaidi. Ila INR, kipimo cha muda damu inaochukua kuganda, haijishiki yenyewe kati ya 2 na 3. Ulizeni dawa za duka la mtaani, ulizeni mboga. Na msimkataze mtu sukuma wiki! Nairobi hii atakula nini? Mwambieni ale kiasi kilekile wiki hadi wiki, kwa sababu vitamini K ikipanda na kushuka, INR nayo inayumba.

3. Presha: aketi dakika tano, mgongo umeegemea, mkono usawa wa moyo, na wewe usimpigishe soga.

4. Ulizeni nauli siku ya ridhaa, msingoje ziara ya tatu. Mama wa Kayole mwenye mtoto anayehema hapandi matatu yoyote ile. Anangoja yenye nafasi ya kukaa, na mvua ikinyesha bei inapanda. Akifika dirisha la ziara, yaani siku zilizopangwa za kuja, limepita kwa siku sita, andikeni siku sita. Tarehe hairudishwi nyuma. Na mtoto adungwe kwanza, habari za kuchelewa mtaziuliza baadaye.