Re: "Wolves" ya kwenye flashi mbona haina Sia?
Mkuu, hiyo albamu uliyorushiwa Kariakoo si feki, ni toleo la kwanza la The Life of Pablo. Rapa Kanye West aliitoa Februari 2016, kisha akaendelea kuichokonoa ikiwa tayari sokoni. Hesabu nyimbo: zikiwa 18, ni ya mwanzo. Machi "Wolves" ilirudishiwa sauti za mwimbaji Sia na rapa Vic Mensa, sehemu ya mwimbaji Frank Ocean ikakatwa ikawa wimbo peke yake, "Frank's Track", zikafika 19. Juni ikaongezwa "Saint Pablo", 20.

Na hilo ulilosema kwamba albamu inajipinga, dini huku matusi kule: "Ultralight Beam" ni kwaya na maombi ya mwanamuziki wa injili Kirk Franklin, wimbo unaofuata unaanza kwa sampuli ya injili, halafu mistari ya matusi. Usizipige shafo (kuchanganya mpangilio wa nyimbo), utaua makusudi yote.