Barua kwa mwanangu: sura za kwanza kwenye televisheni

Mwanangu Zuhura,

Umeniuliza mtu wa kwanza kuonekana kwenye televisheni ni nani, na mbona picha yake haipo.

Ni William Taynton, tarishi wa miaka 20 katika ofisi iliyokuwa chini ya chumba cha John Logie Baird, mvumbuzi wa televisheni, Frith Street, London. Tarehe 2 Oktoba 1925 Baird alikuwa akijaribia kichwa cha mwanasesere. Sahani yake yenye matundu, inayozunguka, iliikata sura kuwa mistari kama 30 tu, na kwa wakati mmoja ni nukta moja tu ya sura iliyofikisha mwanga kwenye seli inayogeuza mwanga kuwa umeme, kwa hiyo taa zilibidi ziwe kali mno. Mwanasesere halalamiki. Sura yake ilipotoka sawasawa, Baird akashuka mbio kumchukua Taynton, akamkalisha, akaenda kutazama: skrini tupu! Kumbe kijana amejivuta nyuma kwa joto. Akapewa shilingi 2 na peni 6 atulie palepale, na safari hii akaonekana, hata ulimi alipoutoa.

Picha yake haipo kwa sababu hapakuwa na pa kuihifadhia. Taa iliyochora sura upande wa kupokea ikizimika, basi.

Tunaoweza kuwatazama mpaka leo walikuja baadaye: Wally Fowlkes, 10 Januari 1928, na Mabel Pounsford, 28 Machi mwaka huohuo, aliyejulikana miaka mingi kama Miss Pounsford tu. Hawa walinaswa kwenye santuri, hizi za gramafoni. Picha ya mistari 30 ni nyepesi kiasi cha kuingia kwenye mfereji wa santuri kama sauti. Ukiipiga unasikia mvumo tu. Santuri ilizunguka mara 78 kwa dakika, kila mzunguko picha 3, yaani karibu picha 4 kwa sekunde.

Kasoro ilikuwa kwenye mitambo. Sahani na santuri viliunganishwa kwa vyuma vilivyotetemeka, kila mstari ukaanza mahali tofauti, sura ikayumba kama iliyo chini ya maji. Baird hakufanikiwa kuzionyesha vizuri. Ni mhandisi Donald McLean, kuanzia miaka ya 1980, aliyezinyoosha picha hizo kwa kompyuta, mstari baada ya mstari.

Ukizipata, usikodolee macho karibu na skrini, utaona michirizi tu. Rudi nyuma hatua tatu, finya macho kidogo, umtazame Mabel anavyogeuza kichwa.

Mama yako