Muulize Mjomba: Huyo Kevin ni nani?

SWALI: Shikamoo Mjomba. Naishi Leicester na mume wangu, aliyekulia huku huku Uingereza. Kijana wetu katimiza miaka 13 mwezi uliopita. Kila akibamiza mlango, baba yake anaangua kicheko: "Kevin huyo!" Mtoto anazidi kununa, na mimi nabaki sielewi. Kevin ni nani?
Mama Wawili

JIBU: Marahaba, mwanangu. Kevin namfahamu. Mwaka 1994 nilikuwa nimepanga chumba East Ham, London, na jioni wapangaji wote tulibanana kwenye kochi moja sebuleni kwa mwenye nyumba. BBC walikuwa na mchekeshaji, Harry Enfield, mtu mzima wa miaka 33, akiigiza Kevin, mtoto anayesubiri saa sita usiku atimize 13. Saa ikagonga. Mabega yakaporomoka, mikono ikaning'inia kama kamba za ndoo, kofia ikageuzwa nyuma. Mtoto aliyekuwa akirukaruka sasa anawafokea wazazi kwamba anawachukia, bora asingezaliwa. Mwenye nyumba alicheka hadi chai ikammwagikia mapajani.

Wengi wanakumbuka kelele tu. Mimi kilichonikaa ni Perry, rafiki yake, aliyeigizwa na mwanamke, Kathy Burke. Huyo naye kalegea vilevile, midomo wazi, lakini mama yake Kevin akitokea tu, adabu zinamrudia: anamwamkia "Bi Patterson" kwa sauti ya mtoto wa madrasa. Mama wa watu anabaki kujiuliza kwa nini wake hayuko hivyo.

Nina mpwa wangu hapa Tanga. Nyumbani ukimsalimia unajibiwa na mgongo. Juzi jirani kaja kunishukuru: kijana kambebea ndoo mbili za maji bila kuombwa, na shikamoo juu. Nilidhani kakosea nyumba! Kwa hiyo kabla hujahuzunika, waulize kina mama wa rafiki zake akienda kwao anakuwaje.

Ila hilo jina baba aliache, hasa mbele ya wenzake. Kichekesho kile kiliwacheka na wazazi, walivyokuwa wakihangaika bila kujua la kufanya. Tena mumeo kama alikuwa kijana miaka ile, sidhani kama jina hilo kalisikia kwenye televisheni peke yake. Filamu ya Kevin na Perry ilipotoka mwaka 2000, yeye alikuwa na miaka mingapi? Mpigie mama mkwe wako umuulize. Weka spika, kijana akiwa karibu.