Muulize Fundi: Moshi wa asubuhi si lazima ziwe ringi

Mwezi huu barua zenu karibu zote ni moshi na oili inayopotea. Naanza na hii ya Mbarara manake imenigusa, na nitakaa nayo kidogo.

SWALI: Shikamoo fundi. Nina BMW X5 ya 2003, ile ya 3.0 ya petroli, nilinunua kwa mtu, sa hii ina kilomita 190,000. Asubuhi nikiwasha inatoa moshi mweupe wenye ubluu mpaka jirani anafunga dirisha, halafu unaisha wenyewe. Nikikwama kwenye jam ya Kampala kama dakika ishirini, nikikanyaga tu unarudi. Kwenda Kampala na kurudi naongeza karibu nusu lita ya oili. Siku hizi kuna mluzi kama birika likichemka na taa ya injini imewaka, mashine ilisoma P0171 na P0174. Makanika wa kwanza kaniambia ringi za pistoni zimekwisha, niandae milioni nne za ovahoo, yaani kufumua injini yote. Wa pili anasema ni sili za valvu, vile vimpira vinavyozuia oili isipenye kwenye valvu. Nimuamini nani? – Msomaji, Mbarara

JIBU: Marahaba ndugu yangu. Hizo milioni nne zikae kwanza, usimpe mtu hata shilingi ya kufungua injini. Maelezo yako yananipeleka kwenye kitu kingine kabisa, sepereta ya oili, ambayo mafundi wengi huku wanaiita tu briza.

Iko hivi. Ringi za pistoni hata zikiwa mpya kabisa haziwezi kuziba kila kitu, kila moto ukiwaka kwenye silinda kuna gesi kidogo inapenya pembeni inashuka chini kwenye sampu, lile beseni la oili chini ya injini, na kule inachanganyika na mvuke wa oili. Ile gesi isipopata njia ya kutoka inajaza presha chini na kusukuma oili nje kwenye sili ya krankshafti, kwenye gasketi ya tapeti kava, kile kifuniko cha juu ya injini, popote penye udhaifu. Ndio maana waliotengeneza gari wakaweka paipu ya kuirudisha kwenye manifoldi ya hewa, yale mabomba yanayogawia silinda hewa, ikaungue upya. Lakini haiwezi kwenda na oili yake yote, kwa hiyo katikati ya njia kuna hiyo sepereta. Kwenye injini yako, M54, ni kidude cha plastiki kimejificha chini ya manifoldi, gesi ikiingia inazungushwa kwa nguvu, oili kwa sababu ni nzito inagonga ukuta na kuchuruzika chini kurudi sampu, gesi nyepesi inaendelea na safari. Ni kama mama anavyopepeta mchele kwenye ungo, punje zinabaki, pumba zinaondoka.

Sasa ndani yake juu kuna ngozi ya mpira ya duara. Kazi yake ni kupunguza mvuto, manake manifoldi injini ikiwa inaunguruma bila kukanyagwa inavuta hewa kwa nguvu sana, na sampu inatakiwa ivutwe polepole tu. Ile ngozi ikizeeka kwa joto inakauka na kupasuka, hapo mvuto wote wa manifoldi unaangukia kwenye sampu na oili inanyonywa juu kama mtu anakunywa soda kwa mrija. Inalala kwenye manifoldi usiku, asubuhi ukiwasha inaungua yote kwa mpigo, ndio moshi wako. Ukikaa kwenye jam vilevile, mvuto unakuwa mkubwa muda wote, oili inajikusanya, ukikanyaga inatoka.

Na ule mluzi ni hewa inayojipenyeza kwenye mpasuko. Hiyo hewa haikupita kwenye sensa ya kupima hewa, kompyuta haina habari nayo, inaona tu mchanganyiko una hewa nyingi na petroli kidogo. P0171 ni silinda ya 1 mpaka 3, P0174 ni ya 4 mpaka 6, pande zote mbili kwa pamoja, yaani hewa ya wizi inaingia sehemu inayowahusu wote. Ringi hazipigi mluzi. Sili za valvu zinaweza kutoa moshi wa asubuhi unaofanana na huu, hapo yule makanika wa pili simlaumu, ila haziwezi kukuletea mluzi na hizo namba mbili.

Lakini usichukue neno langu tu, pima. Washa gari mpaka ipate moto kamili, iache inaunguruma, dipstiki iwe imekaa vizuri mahali pake. Fungua kifuniko cha oili, injini itatikisika kidogo, hiyo ni kawaida kwa BMW. Chukua kaveera laini, yaani mfuko wa plastiki, ile nyepesi ya kufungia mboga, iweke juu ya tundu. Sepereta ikiwa nzima kaveera itavutwa taratibu, itabonyea katikati kidogo, na ukiinua kwa vidole viwili inatoka bila shida. Ngozi ikiwa imepasuka kaveera inamezwa, inang'ang'ania kwenye mdomo na kuingia ndani mpaka unaogopa itararuka, na mara nyingi hata kifuniko chenyewe kilikuwa kigumu kung'oka tangu mwanzo. Shika usiiachie, ikitumbukia ndani ni kesi nyingine. Na kama badala ya kuvutwa kaveera inapulizwa juu inatuna, basi njia imeziba, au kweli gesi inayopita kwenye ringi ni nyingi kupita kiasi.

Baada ya hapo zima gari, legeza paipu kubwa ya hewa, ingiza kidole nyuma ya throtoli, ule mlango wa hewa ya injini. Unyevu kidogo wa oili usikutishe, gari zote zinao. Ukikuta dimbwi, umepata mwizi wako.

Na hata kama kaveera imepulizwa, bado usikubali ovahoo kwa mdomo tu. Mwambie makanika apime kompresheni, yaani presha ya kila silinda, zote sita, aandike namba kwenye karatasi uone. Iliyo chini kuliko wenzake, atie kijiko kimoja cha oili kwenye tundu la plagi apime tena. Ikipanda, hapo ringi au silinda ndio zimechoka. Isipopanda, shida iko kwenye valvu au gasketi ya hedi. Ni kazi ya saa moja tu.

Nasisitiza hivi kwa sababu niliwahi kukosea mimi mwenyewe. Miaka mingi nyuma mwalimu mmoja aliniletea gari la namna hii, nikaona moshi, nikasema ringi. Aliuza ng'ombe wawili. Nikafungua injini, nikaweka ringi mpya, nikafunga vizuri, na siku ya tatu akanipigia simu moshi uko palepale. Nilipovua manifoldi na kuiinamisha, oili ikamwagika kwenye karai kama mtu anamimina chai. Nikafungua ile sepereta, ngozi yake ilikuwa imechanika nusu duara, ukiikunja inavunjika kama chapati ya juzi. Nilimrudishia pesa ya kazi lakini ng'ombe hawakurudi, na mpaka leo simfungulii mtu injini kabla sijaweka kaveera.

Tuje kwenye kubadilisha. Nunua seti nzima, sio sepereta peke yake. Kuna paipu ya kutoka tapeti kava, kuna ya kwenda juu ya manifoldi, kuna ya chini inayorudisha oili kwenye bomba la dipstiki, na zote ni plastiki ya umri mmoja na ile iliyoharibika, ukizigusa zinakatikia mkononi. Ongeza gasketi ya throtoli, oringi ya chini ya bomba la dipstiki, na gasketi za manifoldi kama unaivua. Ukienda kwenye spea za Kampala, Kisekka au Ndeeba, utaonyeshwa used iliyotoka kwenye injini ya mtumba, bei nzuri sana. Spea nyingi nanunua used bila wasiwasi, hii hapana, kinachokufa humo ni mpira na mpira unahesabu miaka hata ukiwa kwenye rafu.

Kazi ifanyike injini ikiwa baridi, na waya wa betri utolewe kwanza. Unatoa vifuniko vya juu, boksi la eakilina, paipu ya hewa, throtoli. Kuna mafundi wenye mikono myembamba wanaifikia sepereta kutoka chini bila kuvua manifoldi, mimi napenda kuivua, inachukua muda lakini naona ninachofanya na naweza kumwaga oili yote iliyolala mle. Ukiivua tu ziba matundu ya hedi na kitambaa safi, nati moja ikidondoka humo umejitafutia msiba. Sepereta yenyewe imeshikwa na bolti mbili, paipu zake zina klipu za kubonyeza pembeni, usivute kwa hasira. Piga picha na simu kila hatua.

Sasa hapa ndipo wengi wanaharibu kazi: bomba la dipstiki. Kwenye hii injini lina kuta mbili, dipstiki inapita katikati, na oili inayorudi kutoka sepereta inashuka kwenye uwazi mwembamba kati ya kuta hizo. Ule uwazi unaziba kwa tope jeusi la oili iliyopikwa. Ukiweka sepereta mpya juu ya bomba lililoziba, oili haina pa kushuka, inajaa, na siku moja inanyonywa nyingi kwa wakati mmoja kuingia kwenye silinda. Oili haigandamiziki kama hewa, pistoni ikipanda ikaikuta pale, koni rodi, ule mkono unaoshika pistoni, inapinda, na hapo ndio utaitafuta hiyo milioni nne kwa kweli. Kwa hiyo lichomoe bomba, lilaze kwenye petroli, sukuma waya laini kwenye kile kitundu cha pembeni, piga upepo wa kompresa, rudia mpaka petroli ukimimina juu inatoka chini safi bila kusitasita. Mimi hapo natumia hata saa nzima.

Ukishafunga badilisha oili na filta, futa zile namba za hitilafu, rudia kaveera. Moshi utaendelea kiasi siku za kwanza, manake kuna oili imebaki kwenye manifoldi na sailensa, usipaniki. Weka alama kwenye dipstiki, endesha kilomita 1,000, uniandikie. Mluzi uende na namba zisirudi, hapo umemaliza. Ikiwa oili bado inapungua vilevile na hakuna inayovuja nje, ndio tumfikirie yule wa sili za valvu.

SWALI: Fundi, nikifungua kifuniko cha oili nakuta utando mweupe kama maziwa mgando. Watu wananiambia gasketi ya hedi imeungua. Gari natumia kupeleka watoto shule na kwenda kanisani Jumapili, basi. – Mama wa watoto watatu, Kabale

JIBU: Pole mama, na hapo kwenye shule na kanisa umeshanijibu nusu. Kabale iko juu karibu mita 2,000, asubuhi ni baridi, na injini yako inazimwa kabla haijapata moto. Mvuke wa maji unaozaliwa ndani unashikana na oili kwenye sehemu ya baridi zaidi, ambayo ni kifuniko. Angalia haya: maji ya rejeta yanapungua? Dipstiki yenyewe ina rangi ya chai ya maziwa? Oili inapanda badala ya kushuka? Hata moja ikiwa ndiyo, usiiendeshe, ita fundi. Zote zikiwa hapana, kuna uwezekano mkubwa gasketi yako ni nzima. Futa ule utando, na mara moja kwa wiki ipeleke gari safari ya nusu saa au zaidi ipate joto la kweli, hata mpaka Ntungamo ukamsalimie mtu. Gej ya joto isipopanda katikati hata ukienda mbali, thamostati, ile valvu inayozuia maji ya kupoza mpaka injini ipate moto, imekwama wazi, ibadilishwe. Na usipuuzie kwa sababu tu si gasketi, huo utando ndio unaokwenda kuziba paipu za briza.

SWALI: Toyota Premio yangu ya 2002 inakula oili, ina hiyo sepereta? – Dereva, Arua

JIBU: Yako ina kitu rahisi zaidi, valvu ndogo ya PCV, ya kutoa ile gesi ya sampu, kwenye tapeti kava. Ichomoe, itikise sikioni, ikilia kachakacha iko hai, ikinyamaza imeganda na tope, na kwa bei yake nunua mpya. Ila nisikudanganye, kama injini yako ni 1ZZ ya miaka hiyo, pistoni zake zina vitundu vidogo vya kurudisha oili vinavyoziba, ringi za oili zinagandamana. Hapo PCV mpya haitakuponya. Fanya ile kompresheni niliyoeleza juu, lakini ujue hata ikitoka nzuri ringi za oili zinaweza kuwa zimeganda, kwa hiyo pima pia unakula kiasi gani kwa kilomita 1,000 kabla hujaamua.

SWALI: Rafiki kanishauri nichomoe paipu ya briza niielekeze chini barabarani, niizibe kule kwenye manifoldi, eti injini itapumua vizuri. Nifanye? – Msomaji, Jinja

JIBU: Hapana ssebo. Matrekta na malori ya zamani yalikuwa hivyo, lakini ya kwako ilitengenezwa sampu ivutwe. Ukiikata, unyevu na moshi wa petroli vinabaki vinachachusha oili, gari inanuka ndani, na ukiacha kukanyaga ghafla inaweza kuvuta vumbi la barabarani moja kwa moja kwenye oili, na vumbi la murram unalijua linavyokula chuma. Na kama hilo tundu la manifoldi halikuzibwa sawasawa utaanza kuniandikia habari za mluzi na P0171. Iache palepale ilipo, kisha tafuta kaveera upime kwa nini ulishauriwa kuichomoa.