Upepo ulisukuma chombo, lakini kazi haikuisha

Ndugu, unauliza mabaharia wa zamani walifanya nini siku nzima ilhali upepo ndio uliosukuma chombo. Chukua majahazi ya Oman na Ghuba yaliyokuja pwani yetu na upepo wa kaskazi, kuanzia Desemba hivi, yakarudi upepo wa kusi ulipoanza kuvuma Aprili.

Tanga tu lilikuwa kazi nzito. Foromali ni gogo refu linaloshikilia tanga, wakati mwingine vipande viwili vilivyofungwa pamoja, na kulitweka kulihitaji karibu watu wote kwenye henza, yaani kamba ya kulipandishia, wakiimba ili wavute kwa pamoja. Upepo ukizidi, tanga halikupunguzwa kwa kukunjwa. Foromali lilishushwa, tanga dogo likafungwa, kisha likatwekwa upya, hata usiku wa manane. Halafu kuna maji ya ngama, yaani yanayojikusanya chini ndani ya chombo: chombo cha mbao huvuja, hivyo yalichotwa na kumwagwa nje kila siku.

Bandarini ndiyo usiseme. Mabaharia wenyewe walishusha tende na papa mkavu, wakapakia boriti za mikoko za Lamu na Rufiji. Maji ya bahari yakipwa, jahazi lililazwa mchangani, wakaziba nyufa kwa pamba na kupaka deheni, yaani chokaa na mafuta, kuzuia wadudu watoboao mbao.

Mshahara? Haukuwapo. Waligawana pato la safari kwa mafungu, na la nahodha lilikuwa nono zaidi, kama kawaida ya wakubwa.